Herufi ya Marudio

Mtu ameng'atwa na mbwa kwenye kiganja cha kulia, jeraha likaoshwa na kufungwa, akaambiwa arudi baada ya siku chache. Akirudi, kama yuko Marekani, fomu ya madai ya bima itaandikwa S61.451D na chini yake W54.0XXD. Msimbo wa kwanza unaeleza jeraha: la wazi, la meno, la kiganja cha kulia. Wa pili unamtaja mkosaji, mbwa. Zile X mbili hazisemi kitu. Zimepachikwa kushika nafasi tu, kwa sababu herufi ya mwisho hairuhusiwi kukaa popote isipokuwa nafasi ya saba. Na herufi hiyo, D, ndiyo habari yenyewe: mgonjwa huyu si mgeni, amerudi, na jeraha lake liko njiani kupona.

Mfumo huo wa misimbo ulianza kutumika rasmi Marekani tarehe 1 Oktoba 2015, baada ya kuahirishwa mara kadhaa, na kabla haujaanza ulichekwa sana. Wanasiasa na waandishi wa habari walioupinga walizungusha orodha za misimbo ya ajabu: kung'atwa na pomboo, kung'atwa na kasa, kung'atwa na bata. Uliochekesha kuliko yote ulikuwa V97.33XD, wa mtu aliyenyonywa na injini ya ndege. Watu waliiona ile D, wakadhani inahesabu ajali, wakauliza: ni nani huyo aliyenyonywa na injini, akapona, kisha akanyonywa tena? D haihesabu ajali. Inaonyesha hatua ya matibabu. Mtu alinyonywa mara moja, bahati ikamwacha hai, na sasa amekuja kutolewa nyuzi.

Waliocheka hawakuwa wajinga. Walikuwa watoto wa mazoea ya muda mrefu. Kwa karne nyingi vitabu vya kuhesabia maradhi vilikuwa na safu ya maiti. Baadaye vikapata safu ya jeraha. Mgonjwa anayerudi hakuwa na mahali pake. Kwa magonjwa mengine pengo hilo lingeweza kuvumilika. Kwa aliyeng'atwa ni jambo la kushangaza, kwa kuwa kwake yeye kurudi ndiyo tiba. Sindano ya kwanza ya kichaa cha mbwa peke yake haitoshi, na jeraha la meno linaloonekana dogo asubuhi laweza kufura usiku.

Safu ya maiti ina umri mkubwa. Katika taarifa ya vifo vya jiji la London ya mwaka 1632 kuna mstari wa waliokufa kwa kung'atwa na mbwa kichaa, na mbele yake namba 1. Mistari ya jirani inasoma kama mashairi ya huzuni: uzee 628, meno 470, majonzi 11. Hayo meno 470 hayakumng'ata mtu. Ni watoto wachanga waliofariki wakati wa kuota meno, na enzi hizo iliaminika kuwa meno ndiyo yaliyowaua. Waliokusanya habari hizo walikuwa wanawake wazee walioapishwa na parokia zao. Waliingia nyumba yenye msiba, wakaitazama maiti, wakawauliza wafiwa, kisha wakampelekea karani wa parokia jibu. Kazi hiyo ilipata heshima yake mwaka 1662, pale John Graunt, mfanyabiashara wa vifaa vya ushonaji, alipozichambua taarifa za miaka mingi na kuchapisha kitabu ambacho wanatakwimu mpaka leo wanakihesabu miongoni mwa misingi ya fani yao.

Yule mmoja wa 1632 aliingia kitabuni kwa kuwa alikufa. Wangapi waling'atwa mwaka huo, wangapi walipona, nani aliwafunga vidonda na mara ngapi, hakuna bibi aliyetumwa kuuliza.

Mambo hayakubadilika sana usajili wa vifo ulipokuwa kazi ya serikali. Uingereza na Wales zilianza usajili huo mwaka 1837, na daktari William Farr akatumia maisha yake ya kazi kutaka kila ugonjwa uwe na jina moja na mahali pamoja. Mwaka 1893, katika mkutano wa wanatakwimu uliofanyika Chicago, Jacques Bertillon, mkuu wa takwimu wa jiji la Paris, aliwasilisha orodha ambayo nchi nyingi zingeweza kuitumia kwa pamoja. Mwaka 1900 wajumbe wa mataifa 26 walikutana Paris kuirekebisha, wakakubaliana irudiwe kila baada ya miaka 10. Orodha hiyo ndiyo babu wa ile inayofahamika leo kwa herufi tatu, ICD, chimbuko la misimbo ile ya mwanzo. Ilikuwa orodha ya sababu za vifo, basi.

Lakini katika jiji hilohilo la Bertillon, miaka 8 kabla ya Chicago, rejesta ya namna nyingine kabisa ilikuwa imeshafunguliwa.

Jumatatu ya tarehe 6 Julai 1885, mtoto wa miaka 9 kutoka Alsace, Joseph Meister, alifikishwa kwenye maabara ya Louis Pasteur katika mtaa wa Ulm. Mbwa alikuwa amemng'ata siku mbili kabla, na majeraha yalikuwa 14. Pasteur hakuwa daktari, kwa hiyo sindano ilichomwa na Dakta Grancher. Kilichokuwa ndani ya sindano ni kipande cha uti wa mgongo wa sungura aliyekufa kwa kichaa, kilichokaushwa kwa wiki mbili mpaka sumu yake ikafifia. Kesho yake kilitumika kipande kilichokaushwa kwa siku chache kidogo. Kikafuata kingine kibichi zaidi. Kufikia mwisho wa siku 10 mtoto alikuwa amechomwa mara 13, na sindano ya mwisho ilikuwa na kitu ambacho, kama angekianza nacho, kingeweza kumuua.

Hapo ndipo kurudi kulipogeuka kuwa tiba. Ngazi ile ilipandwa kidato kwa kidato, na aliyekosa siku aliruka kidato. Ilibidi mtu aandike nani amekuja, ni siku yake ya ngapi, amepewa kipande cha siku ngapi, na kesho apewe kipi. Rejesta haikuwa kumbukumbu ya kazi iliyokwisha kufanyika. Ilikuwa sehemu ya kazi.

Oktoba ya mwaka huo akaja Jean-Baptiste Jupille, mchungaji wa miaka 15 aliyepambana na mbwa ili kuwaokoa wenzake. Alipona. Novemba akaletwa Louise Pelletier, msichana wa miaka 10 aliyeng'atwa kichwani siku 37 kabla. Pasteur alijua amechelewa, hata hivyo akakubali kumtibu, na msichana akafa mapema Desemba. Kutoka Newark, Marekani, wakasafirishwa watoto wanne kwa fedha za mchango wa umma; waliporudi kwao wakiwa wazima, walionyeshwa New York kwa kiingilio, watu wakalipa kutazama watoto ambao hawakuwa na lolote la kuonyesha. Machi 1886 wakafika Warusi 19 kutoka Smolensk, waliong'atwa na mbwa mwitu, baadhi wakiwa wameraruliwa vibaya usoni. Wakafa 3.

Wapinzani nao walikuwapo, wakiongozwa na Dakta Michel Peter wa Chuo cha Tiba cha Ufaransa, na hoja yao haikuwa ya kipuuzi. Si kila mbwa anayeng'ata ana kichaa, na si kila anayeng'atwa na mbwa kichaa hupata ugonjwa. Basi unajuaje kwamba hao uliowaponya wangeugua? Swali hilo halikuweza kujibiwa na orodha ya vifo ya aina yoyote. Lilihitaji kugawa waliong'atwa, na Taasisi ya Pasteur ikawagawa.

Jedwali la A lilikuwa la waliong'atwa na mnyama ambaye kichaa chake kilithibitishwa kwa majaribio ya maabara. Jedwali la B, la wale ambao mnyama wao alipimwa na daktari wa mifugo. C, la wale ambao mnyama alishukiwa tu. Kila jedwali likagawanywa tena kwa mahali pa jeraha: kichwa na uso, mikono, miguu na kiwiliwili. Mtu akisoma majedwali hayo leo anaona msimbo kamili, wenye herufi ya uhakika wa hatari ikifuatiwa na mahali pa mwili, uliotengenezwa kwa ajili ya kung'atwa na si kwa jambo jingine lolote. Mgawanyo wa mwili haukuwa pambo. Jeraha la uso lilionekana kuua upesi na mara nyingi kuliko la mguu, na lile lililopenya kwenye suruali nene halikuwa sawa na la ngozi tupu.

Mwaka 1886 walitibiwa watu 2,671 na wakafa 25, chini ya mmoja kwa kila mia. Mwaka uliofuata walitibiwa 1,770, wakafa 14. Ila kulikuwa na kanuni iliyozua maneno: aliyeugua ndani ya siku 15 baada ya sindano ya mwisho hakuhesabiwa kuwa tiba imemshinda, kwa maelezo kwamba ugonjwa ulikuwa umeshafika kwenye ubongo kabla kinga haijakomaa. Yaweza kutetewa kitabibu. Lakini tazama inavyofanya kazi: tarehe moja katika rejesta inaamua kama maiti ni ya tiba au si ya tiba. Karani yeyote wa bima wa leo angeitambua hila hiyo, au busara hiyo, kutegemea ameketi upande gani wa meza.

Waingereza hawakuridhika na majedwali. Kamati yao, iliyoongozwa na James Paget huku Victor Horsley akifanya kazi ya miguu na ya maabara, ilichagua wagonjwa 90 na kuwafuata mpaka majumbani mwao, ikauliza habari za mbwa, ikakagua makovu. Ripoti yao ya mwaka 1887 ikamuunga mkono Pasteur. Kichaa cha mbwa huweza kukaa mwilini wiki kadhaa, mara nyingi miezi miwili au mitatu, na wakati mwingine mwaka, kabla hakijaonekana. Maana yake ni kwamba jibu la swali lolote kuhusu tiba hii haliko hospitali. Liko nyumbani kwa mgonjwa, muda mrefu baada ya bandeji kutolewa.

Taasisi ya Pasteur ilipofunguliwa rasmi Novemba 1888, mtindo wake ulikuwa umeanza kuenea, na ukienda na rejesta zake. Tunis ilipata taasisi yake mwaka 1893. India ilipata ya Kasauli mwaka 1900, na huko ndiko David Semple alikotengeneza, mwaka 1911, chanjo iliyouawa kwa kemikali ambayo iliweza kusafirishwa mbali. Kabla ya hapo mgonjwa alisafiri kuifuata chanjo. Sasa chanjo ilimfuata mgonjwa. Kwa upande wa ratiba, hata hivyo, mambo yalibaki mazito: sindano 14 au zaidi, kila siku, chini ya ngozi ya tumbo.

Wazee wengi wa Afrika Mashariki wanaijua ratiba hiyo bila kuhitaji kusoma historia. Kichaa cha mbwa kilithibitishwa Kenya kwa mara ya kwanza mwaka 1912, kwa mbwa wa pembezoni mwa Nairobi, na kwa binadamu mwaka 1928. Vizazi vilivyofuata vilikua vikitishwa kwa zile sindano za kuzunguka kitovu. Mama alikuwa na silaha mbili za kumzuia mtoto asichokoze mbwa wa jirani: mbwa mwenyewe, na hospitali. Hofu hiyo imeishi kuliko chanjo iliyoizaa. Chanjo iliyokuzwa katika seli za binadamu ilijaribiwa Iran katikati ya miaka ya 1970 kwa watu 45 walioraruliwa na wanyama wenye kichaa, ikawaokoa wote kwa dozi 6 tu, lakini hata leo yuko mtu anayeogopa kwenda kituo cha afya kwa sababu ya tumbo lake.

Wakati sindano zikipungua, orodha ya Bertillon nayo ilikuwa inanenepa. Shirika la Afya Duniani lilipokabidhiwa orodha hiyo na kutoa toleo la sita mwaka 1948, lilifanya mambo mawili ambayo aliyeng'atwa alikuwa akiyasubiri tangu 1632. Kwanza, orodha ikaanza kuhesabu wagonjwa na si wafu peke yao. Pili, jeraha likapewa namba mbili: moja ya hali yake mwilini, nyingine ya kilicholisababisha. Katika toleo la tisa, lililoanza kutumika mwaka 1979, kung'atwa na mbwa kulikuwa E906.0, na kung'atwa na panya E906.1. Jeraha lenyewe lilitupwa kapuni pamoja na mengine. Kiganja kilichokatwa na panga, kilichotobolewa na msumari na kilichotafunwa na mbwa vyote vilikuwa 882, jeraha wazi la kiganja, ilhali mganga yeyote anajua kwamba la panga laweza kushonwa palepale na la mbwa hutakiwa kufikiriwa mara mbili kabla sindano ya uzi haijagusa ngozi.

Na marudio? Yalipata namba za kando. Mgonjwa aliyekuja kubadilishiwa bandeji au kutolewa nyuzi, Marekani, aliandikwa V58.3, msimbo wa huduma ya baadaye. Msimbo huo ulisema bandeji imebadilishwa. Haukusema bandeji ya nini. Aliyeng'atwa na mbwa, aliyetolewa kidole tumbo na aliyeungua kwa maji ya chai wakawa mtu mmoja kwenye ziara ya pili. Mwenye kutaka kujua aliyeng'atwa hurudi mara ngapi, au gharama ya kung'atwa ni ipi ukijumlisha ziara zote, aligonga ukuta hapo.

Toleo la kumi, lililopitishwa mwaka 1990, lilipanga upya nyumba nzima. Mbwa akapata W54, panya W53, mamba W58, nyoka wa sumu X20; kichaa chenyewe A82; kukaribiana na kichaa bila kuugua Z20.3. Toleo hilo la kimataifa liliishia hapo. Wamarekani wakachukua toleo hilo na kuligawa zaidi mpaka misimbo ikazidi 68,000, kutoka kama 14,000 waliyokuwa nayo, na hapo ndipo ilipozaliwa nafasi ya saba. A ni matibabu yanayoendelea. D ni ufuatiliaji wa kidonda kinachopona. S ni athari iliyobaki baadaye, kama kovu lililokaza kidole. Jeraha la meno nalo likatenganishwa hatimaye na la panga.

Sheria moja ya mfumo huo inaonyesha jinsi walivyojifunza kutokana na V58.3. Kwa majeraha, ile misimbo ya jumla ya huduma ya baadaye imepigwa marufuku. Karani hana ruhusa ya kuandika kwamba bandeji imebadilishwa, akaishia hapo. Lazima arudie msimbo wa jeraha lenyewe, kisha auwekee D. Jeraha linabaki na jina lake kutoka siku ya kwanza hadi ya mwisho. Hiyo ndiyo D iliyochekwa.

Kosa lilikuwa katika kubatiza. Waliotunga mwongozo waliiita A herufi ya ziara ya kwanza, na makarani wengi wakaelewa kama ilivyoandikwa: ziara ya kwanza A, ya pili na kuendelea D. Ikabidi mwongozo ufafanuliwe baadaye kwamba kinachoangaliwa ni matibabu, si hesabu ya ziara. Chukua jeraha la paka. Meno ya paka ni membamba na marefu, yanaingia ndani na kuacha tundu dogo linalofunga haraka, huku bakteria wakiwa wamezikwa chini yake. Mmoja wa bakteria hao ni Pasteurella, aliyepewa jina la Pasteur yuleyule. Mtu aking'atwa jioni, akaoshwa, akarudi keshokutwa na mkono uliofura unaotibiwa upya, hiyo ni ziara ya pili na herufi bado ni A. Aliyerudi siku hiyohiyo kwa ajili ya dozi ya pili ya chanjo tu, kidonda chake kikiwa kinakauka vizuri, huandikwa D kwenye kidonda, pamoja na Z20.3 ya kukaribiana na kichaa na Z23 ya kuhitaji chanjo. Watu wawili, dawati moja, mnyama mmoja, herufi tofauti, na malipo ya bima yanafuata herufi.

Afrika Mashariki haikupitia mlango huo. Hapa msimbo mrefu hutumika zaidi katika hospitali kubwa na kwenye fomu za bima. Zahanati na vituo vya afya huandika katika rejesta ya wagonjwa wa nje, kisha kila mwezi hujumlisha: Tanzania kwa mfumo wa taarifa za afya wa MTUHA ulioanzishwa miaka ya 1990, Kenya kwa fomu ya wizara inayojulikana kwa namba yake, 705, yenye mistari ya kung'atwa na mbwa, na nyoka, na wengineo. Fomu ya Kenya huhesabu mahudhurio ya kwanza na ya marudio pia, ila huyahesabu chini, kwa ujumla wake, wagonjwa wote pamoja. Aliyeng'atwa na mbwa yumo kwenye mstari wake siku ya kwanza. Siku ya tatu na ya saba amemezwa na jumla. Ni V58.3 kwa mavazi mengine.

Hata hivyo, ni kutoka rejesta za waliong'atwa, si za waliokufa, ndiko ukubwa wa kichaa cha mbwa Tanzania ulikojulikana. Mwaka 2002 Sarah Cleaveland na wenzake walichapisha, katika jarida la Shirika la Afya Duniani, makadirio yaliyoanzia kwenye majeraha. Waliuliza: kati ya wanaoripoti kung'atwa na mnyama anayeshukiwa, wangapi waling'atwa kichwani, wangapi mkononi, wangapi mguuni, na kila mahali pana uwezekano gani wa kuleta ugonjwa? Msomaji anayekumbuka majedwali ya Paris atatabasamu. Hitimisho lao lilikuwa kwamba vifo halisi huenda vilikuwa hadi mara 100 ya vile vilivyoandikwa rasmi. Safu ya maiti, iliyoaminika tangu enzi za mabibi wa London, ndiyo iliyokuwa na mashimo makubwa kuliko zote, kwa kuwa mtu wa kijijini anayekufa kwa kichaa cha mbwa mara nyingi hufia nyumbani.

Huko Serengeti na Ngorongoro, Katie Hampson na watafiti wenzake waliichukua rejesta ya hospitali kama mwanzo wa safari. Waliingia vijijini kumtafuta kila aliyeandikwa kuwa ameng'atwa, wakauliza mbwa alikuwa wa nani, alitoka wapi, alimng'ata nani mwingine, mgonjwa alipata dozi ngapi, na kama hakumaliza ni kwa nini. Ilikuwa kazi ya Horsley, ikifanywa upya. Sababu za kutomaliza hazikuwa siri. Utafiti ulioongozwa na Maganga Sambo, uliochapishwa 2013, ulionyesha kuwa mgonjwa wa kijijini Tanzania angeweza kutumia zaidi ya dola 100 kumaliza ratiba iliyopendekezwa, ukijumlisha chanjo na nauli. Dozi ya kwanza inanunuliwa kwa hofu. Ya tatu inashindana na mbegu na ada.

Kuanzia mwaka 2011 mfumo mwingine ukajaribiwa kusini mwa Tanzania na Pemba, ulioelezwa baadaye na Zacharia Mtema na wenzake: mhudumu wa afya anatuma taarifa za aliyeng'atwa kwa simu ya kawaida ya mkononi, na kila dozi inayofuata inatumwa pia, ikiunganishwa na mtu yuleyule. Maofisa wa mifugo nao wanatuma habari za mbwa. Bila X za kushika nafasi wala mwongozo mnene, mfumo huo ulifanya ileile kazi ya D, na pengine ulifanya vizuri zaidi, kwa sababu ulisema siku ya ngapi. Pemba ilionyesha faida yake. Kwa kufuatilia waliong'atwa na kuchunguza virusi vyenyewe, watafiti waliweza kueleza jinsi kichaa kilivyoingizwa kisiwani kutoka bara, na jinsi chanjo za mbwa katika vijiji vyote zilivyokikata kufikia Oktoba 2018.

Mwaka huohuo wa 2018 Shirika la Afya Duniani lilifupisha ratiba tena. Njia ya kuchoma ndani ya ngozi, sehemu mbili kila ziara, sasa huchukua siku ya sifuri, yaani ya sindano ya kwanza, ya tatu na ya saba, na imekwisha. Mgonjwa anarudi mara mbili tu. Dozi zake ni ndogo sana, kiasi kwamba chupa moja hugawanywa kwa watu kadhaa, lakini chupa ikishafunguliwa ni ya saa chache, sita hadi nane, kisha hutupwa. Kwa hiyo katika kituo chenye wagonjwa wachache swali la nani anarudi lini limepata bei: wawili waliopangwa kurudi siku moja wanagawana chupa, na aliyekosa siku yake huenda akafunguliwa mpya peke yake siku inayofuata. Fomu ya mwisho wa mwezi bado haina mstari wa jambo hilo. Muuguzi hulifuatilia kwa daftari lake mwenyewe, lenye majina, tarehe za kurudi na namba ya simu ya mtu wa kupigiwa asipofika.